Tanbihi ya Thelathini na Moja

Kila mwaka, juma la sita la muhula, Profesa Linah Jepkoech aliwapa maafisa wa jeshi nafasi ya kumhukumu mtu ambaye hawakuwahi kumtia machoni, na kila mwaka walimtia hatiani. Yeye mwenyewe ndiye aliyehesabu mikono. Mwaka wa kwanza ilikuwa mikono kumi na tisa kati ya ishirini na mmoja, na tangu hapo haikuwahi kushuka chini ya kumi na tano. Mtu akihukumiwa mara kumi na moja kwa kosa lilelile, hata angekuwa malaika, ataanza kunuka.

Kozi yenyewe iliitwa Askari na Jamii. Makapteni na mameja walikuja chuo kikuu kule Njoro kila Jumanne asubuhi, wengi wakitokea kambi ya Lanet, wameacha sare na kuvaa suti, ila viatu viling'aa vilevile na hakuna aliyechelewa. Walimpenda Profesa. Alikuwa mwanamke wa miaka hamsini na saba, mfupi, mwenye sauti ya mtu aliyekua akiwaita ng'ombe walio ng'ambo ya mto, na cheo cha mtu hakikumbabaisha. Aliwafundisha kwamba askari hatoki hewani, hutoka kwenye nyumba ya watu, na kwamba afisa asiyejua hivyo ni hatari kuliko adui. Juu ya yote aliwafundisha msemo wake mwenyewe: karatasi haimwogopi mtu. Mdomo wa shahidi hutetemeka, hutia chumvi, husahau. Karatasi iliyoandikwa siku ileile husema ilichosema jana na juzi. Maafisa waliuandika msemo huo kwenye madaftari yao, maskini, wasijue kwamba mwalimu wao alikuwa na karatasi moja ambayo yeye mwenyewe aliiogopa.

Kisa walichokihukumu kilitoka katika kitabu chake, sura ya nne. Platuni moja, malori mawili, operesheni ya kuwasaka wezi wa mifugo huko kaskazini. Karibu na kisima kiitwacho Elgade, lori la kwanza, lililombeba Luteni, likashambuliwa. Lori la pili, chini ya koplo mmoja, badala ya kusonga mbele likageuza, likarudi hadi darajani, likakaa huko dakika arubaini. Wanaume wanne wa lori la kwanza wakafa. Mbele ya baraza la uchunguzi Luteni alisema hakutoa amri yoyote ya kurudi nyuma. Koplo alisema amri ilikuja kwa redio. Mtu wa redio aliyekuwa naye alisema mitambo ilikwaruza siku nzima, hakumbuki kitu. Koplo akavuliwa cheo na kufukuzwa jeshini.

Kitabuni Profesa alimwita Koplo M., eti kwa heshima, kisha akamjengea mgongoni sura nzima kuhusu woga, uaminifu, na namna jamii inavyoweza kumlea mtu asiyekuwa tayari kufa na wenzake. Sura hiyo ilisifiwa. Sura hiyo ndiyo iliyompa uprofesa. Na chini ya ukurasa mmoja wa sura hiyo, kwa herufi ndogo, palikuwa na tanbihi ya thelathini na moja: "Juhudi za kumpata mhudumu wa redio wa lori la pili hazikufua dafu." Miaka kumi na moja hakuna mwanafunzi aliyewahi kuuliza juhudi zenyewe zilikuwa zipi. Nani husoma tanbihi?

Mwaka huu, juma la tano, wakati wa mapumziko ya chai, Profesa alikuwa akikoroga sukari kwenye kikombe chake maafisa wawili walipoanza kutaniana kando ya dirisha. Mmoja alikuwa Kapteni Abby Owino, binti wa mhandisi mmoja, hodari na mwenye mdomo. Mwenzake alikuwa Kapteni Weldon Kiptum, ambaye siku iliyopita hakuonekana kwenye kazi ya kikundi.

"Buda, jana ulitupiga Makokha mchana kweupe," Abby alisema. "Presentation ya watu wanne unaniachia mimi peke yangu?"

"Nilikuwa na emergency, Abby."

"Emergency ya mpira. Makokha wewe!"

Wakacheka. Kijiko cha Profesa kikagota ukingo wa kikombe, kikatulia.

"Kapteni, umesema nini?" akauliza.

Abby aligeuka, akaona haya kidogo. "Ah, pole Prof. Ni lugha tu ya kambi. Kupiga Makokha ni kuhepa, yaani kuwaacha wenzako wakiwa kwa moto. Hata makuruta wanaisema."

"Imetoka wapi?"

"Si ni kwa ile case yako, Prof? Koplo M."

"Mimi niliandika M. Sikuandika jina."

"Prof, jeshini jina halifichiki," Weldon alisema, akitabasamu kumsaidia mwenzake. "Watu walisoma, wakauliza wazee wa kitengo kile, wakaambiwa. Sasa jina limekuwa kitenzi."

Wakacheka tena, bila ubaya wowote, jinsi watu wanavyocheka jambo lisilo na mwenyewe. Profesa Jepkoech alicheka nao. Nalisema hili kwa makusudi, kwa sababu baadaye alitaka kusahau kwamba alicheka. Kisha akaingia ofisini, akafunga mlango, akakaa kwenye kiti.

Alikuwa ameficha herufi sita tu za jina la mtu, na hizo nazo zilikuwa zimefukuliwa. Jina ambalo mama mmoja huko Bungoma alimwita nalo mwanawe, sasa vijana waliozaliwa juzi walilitumia kutukanana kwenye foleni ya chakula. Na kilichomsumbua zaidi ni kwamba alijua, tena kwa yakini, kwamba Makokha hakuwaacha wenzake.

Alijua kwa sababu mtu wa redio alikuwa amempata yeye, si yeye aliyempata mtu wa redio. Jina lake lilikuwa Obura. Alikuja Njoro Jumatatu moja ya mvua, zamani zile kitabu kikiwa bado mswada, mtu mrefu aliyevaa gambuti na koti la jeshi lililokatwa vifungo. Alisema ana jambo kuhusu Elgade. Profesa, ambaye wakati huo alikuwa Daktari tu na alikuwa na wiki moja na siku za kuokoteza kabla mswada kwenda mtamboni, alimwambia arudi Alhamisi. Alhamisi alimwona kupitia dirishani akija kwa miguu kutoka langoni, maji yakimtiririka kofiani, na moyo wake ukamwambia kitu. Mwanahistoria ana pua. Alinusa kwamba mtu yule alikuwa amebeba kitu kitakachoiangusha sura ya nne, na kamati ya kupandisha vyeo ilikuwa ikutane mwezi uliofuata. Akamwambia katibu wake Jerotich, "Mwambie niko mkutanoni."

Obura alisimama barazani saa nzima na zaidi. Hatimaye akaacha bahasha, akaenda zake.

Ndani ya bahasha mlikuwa na ukurasa mmoja uliochanwa kwenye kitabu cha redio, na barua fupi. Barua ilieleza kwamba baada ya maafa Luteni alimwambia Obura kitabu kile kipotee. Obura alikipoteza, lakini kwanza alichana ukurasa mmoja akauficha kwenye buti. Mbele ya baraza la uchunguzi aliogopa, akasema hakumbuki. Sasa alikuwa ameacha jeshi, na hawezi kula akashiba. Ukurasa wenyewe ulikuwa na mistari saba ya penseli. Wa tano ulisema: saa nane na dakika ishirini, kutoka kwa Luteni, lori la pili rudi darajani, kaa hapo, usisogee mpaka nikwambie. Wa sita ulisema: Koplo anauliza, tuje? Wa saba ulisema: Luteni anasema hapana, kaa.

Hii ndiyo ilikuwa karatasi isiyomwogopa mtu. Daktari Jepkoech aliisoma mara tatu siku ileile, chai yake ikipoa mezani. Kitabu kilikuwa bado hakijachapwa. Zilikuwa zimebaki siku nane. Simu moja kwa wachapishaji ingetosha. Badala yake akaanza kujadiliana na nafsi yake, na msomi akijadiliana na nafsi yake hashindwi. Akajiambia ni chanzo kimoja tu. Akajiambia shahidi ni rafiki wa mshtakiwa, tena aliwahi kusema kinyume mbele ya baraza. Mwanahistoria mwangalifu hasimami kwa mguu mmoja. Akajiambia atalichunguza vizuri katika toleo la pili. Yote hayo ni kweli, na yote hayo yalikuwa uongo. Aliitia bahasha kwenye faili lililoandikwa "Mengineyo" na tanbihi akaiacha ilivyokuwa.

Luteni wa siku ile alikuwa amepanda na kupanda. Sasa alikuwa Brigedia mstaafu Sitati, mtu mcheshi aliyemwita Linah dada, aliyemfungulia milango ya nyaraka za jeshi, na aliyeandika dibaji ya kitabu. Miaka miwili iliyopita Profesa aliona picha ya Obura kwenye ukurasa wa matangazo ya vifo gazetini. Jambo la kwanza alilolihisi lilikuwa nafuu. La pili lilikuwa aibu, nayo haikumtoka tena. Hata kanisani, wakati wa kukiri dhambi kwa sauti, alikuwa akifika kwenye maneno "tuliyoyaacha bila kuyatenda" anaanza kukohoa.

Na sasa toleo la pili lilikuwa limefika. Nakala ya mwisho ilikuwa mezani kwake nyumbani Milimani, ikingoja sahihi yake kabla ya Ijumaa ya juma la sita. Safari hii kitabu kingegawiwa kila mtu anayesomea uafisa, mwaka baada ya mwaka. Akitia sahihi, Makokha atabaki kitenzi hadi wajukuu wa wajukuu. Asipotia, itabidi aseme kwa nini. Obura alikuwa kaburini. Duniani hapakuwa na mtu aliyejua yaliyomo kwenye lile faili isipokuwa yeye, au ndivyo alivyodhani. Kibiriti kimoja jikoni kingemaliza mambo.

Juma zima lile alitembea na jambo hilo. Alilipeleka sokoni, alilipeleka kwenye harusi ya mpwa wake, akalirudisha nyumbani. Mara mbili alikishika kibiriti. Kilichomzuia si ujasiri, tusimpambe. Ni kwamba katika maisha yake yote hajawahi kuchoma karatasi yoyote, hata risiti.

Jumanne ikafika. Maafisa walijadili kisa cha Koplo M. kwa saa nzima na moto mwingi. Mmoja alisema koplo kama yule ni matokeo ya malezi mabaya. Mwingine alisema hata paka hurudi kwa watoto wake. Weldon alipendekeza kura ipigwe kwa sababu mambo yako wazi. Mikono ilikuwa imeanza kuinuka Profesa alipopiga meza kwa kiganja.

"Shusheni mikono," alisema. "Hii kura haipigwi leo, na haitapigwa tena."

Akautoa ukurasa. Akawasomea mistari yote saba, polepole, saa kwa saa. Alipofika "Koplo anauliza, tuje?" aliurudia mstari huo mara ya pili. Kisha akawafungulia kitabu na kuwasomea tanbihi ya thelathini na moja.

"Mhudumu wa redio alipatikana," akasema. "Alikuja mwenyewe hadi barazani hapo nje. Miaka kumi na moja nimewafanya watu kama ninyi mumhukumu mtu aliyetii amri. Makokha hakukimbia. Aliyekimbia ni mimi."

Maafisa waliangalia meza zao. Abby Owino ndiye aliyeinua mkono, akiwa amekunja uso.

"Prof, huu ukurasa uliupata lini?"

Swali la kawaida kabisa, lile alilowafundisha yeye: chanzo kilipatikana lini, mikononi mwa nani. Profesa Jepkoech alilitazama dirisha. Alikuwa amekwisha kuvua nguo zote mbele ya watu. Imebaki moja tu, na hiyo akaishikilia.

"Baada ya kitabu kutoka," alisema. "Nilikuwa nimechelewa."

Maneno machache tu. Abby akaandika. Halafu meja mmoja nyuma akasimama, akaanza kupiga makofi, na wengine wakasimama mmoja mmoja hadi darasa zima likawa linampigia makofi. Weldon alikuja mbele akamshika mkono kwa mikono miwili. "Hiyo ndiyo leadership, Prof," alisema, macho yamemlowa. "Wazee wetu wangekuwa wanafanya hivyo, jeshi lingekuwa mbali."

Adhuhuri alikuwa ameshawaandikia wachapishaji waiondoe sura ya nne. Brigedia Sitati, ambaye habari zilimfikia upesi kama kawaida ya kambi, alipiga simu mara tatu, hakuipokea. Alijisikia mwepesi. Alijisikia, nasema bila kumwonea, mwema. Akili ya mwanadamu ni ya ajabu: imebeba mzigo miaka kumi na moja, ikitua nusu yake inaanza kutafuta zawadi. Sasa alitaka kumtafuta Makokha ampelekee habari njema yeye mwenyewe.

Alidhani atahitaji kupitia makao makuu ya jeshi, barua na mihuri. Akamuuliza Jerotich kwa kubahatisha tu kama anaweza kujua pa kuanzia.

"Makokha aliyekuwa jeshi?" Jerotich alishangaa. "Si ndiye anatupimia maziwa hapo kwa kituo chetu, barabara ya Mau Narok? Mwaka wa kumi na tatu huu. Mimi humpelekea kila jioni."

Ilikuwa kilomita nne kutoka ofisini. Hizo ndizo juhudi ambazo hazikufua dafu.

Alifika saa kumi na nusu. Kituo kilikuwa kibanda cha mabati chenye sakafu ya saruji iliyooshwa, tangi la kupoza likinguruma ndani, na foleni ya wakulima wenye mitungi ya alumini, wengine kwa punda, wengine kwa pikipiki. Mezani alisimama mwanamume wa miaka hamsini na kitu, koti jeupe safi, nywele zimekatwa kijeshi. Alikuwa akitumbukiza kipimo cha kioo kwenye maziwa ya mama mmoja. Akakitazama, akakitoa.

"Mama Shantel, hii imeongezwa maji."

"Baba Bravin, ni mvua tu imeingia njiani."

"Basi mvua ilikuwa imekutana na bomba. Rudi nayo, kesho ulete ingine. Hatuwezi kukosana."

Mama yule akaondoka akinung'unika, lakini hakubisha. Waliobaki kwenye foleni hawakushangaa. Walikuwa wamemchagua wenyewe kwa sababu hapokei maziwa mabaya hata ya shangazi yake.

Aliinua macho akamwona Profesa amesimama bila mtungi. Hakuuliza ni nani. "Prof Jepkoech," alisema. "Picha yako iko nyuma ya kitabu. Ngoja nimalize hawa wanne."

Alipomaliza alinawa mikono hadi kwenye viwiko, akageuza kreti mbili, wakakaa. Profesa alikuwa ameandaa hotuba garini, na hotuba ikatoka. Alimweleza juu ya darasa, juu ya ukurasa, mistari saba, sura iliyoondolewa. Alisema ataandika kwa wizara kuomba kesi ifunguliwe upya. Aliomba radhi, na machozi yakamtoka ya kweli. Makokha alimsikiliza ameinamisha kichwa. Alipokiinua, uso wake ulikuwa umekunjuka kwa furaha mpaka ukawa wa kijana.

"Kumbe umemaliza," alisema.

"Nimemaliza nini, Baba Bravin?"

"Kuchunguza. Mimi nilijua tu utamaliza siku moja." Akacheka kidogo, akapangusa jicho kwa mkono wa koti. "Obura alitoka kwangu siku ile kuja kwako. Tulikuwa tumekaa tukapanga: tukipeleka kwa wakubwa itapotea, tupeleke kwa huyu mwalimu, yeye anapenda karatasi. Milcah, mke wangu, alipika kuku. Obura akarudi jioni amelowa, akasema ameacha kwa mkono wa katibu. Basi tukangoja. Kitabu kikatoka, nikanunua, nikaona bado ni vile vile. Nikasema, ni sawa. Huyu ni msomi. Hawezi kuamini karatasi moja tu imeletwa na mtu wa gambuti. Hata mimi hapa siwezi kupokea maziwa kwa kuangalia na macho. Lazima apime. Na kupima historia si kama kupima maziwa, inaweza kuchukua miaka."

Profesa Jepkoech hakuweza kumtazama. Alitazama sakafu, maji yakitiririka kwenda kwenye mfereji.

"Kijana wangu Bravin alikataa kuenda jeshi juu ya hilo jina," Makokha aliendelea, bila hasira, kama anayeeleza hali ya hewa. "Nikamwambia ngoja, Prof anachunguza. Hakungoja. Ako Qatar sasa." Akavuta kreti karibu kidogo. "Sasa niambie, Madam, mimi ni mtu wa kupenda kujua. Ile bahasha uliisoma lini?"

Lilikuwa swali lilelile la Abby. Jibu lilikuwa tayari mdomoni, limeshatumika asubuhi ileile na kupigiwa makofi. Mtu aliyelihitaji jibu hilo kuliko wote alikuwa ameketi mbele yake akitabasamu, tayari kuliamini. Angeweza kusema mwezi jana. Angeweza kusema ilipotelea kwenye faili, na Makokha angemshukuru, labda angemfungashia lita mbili za maziwa. Linah Jepkoech aliitazama mikono yake iliyohesabu mikono ya watu miaka kumi na moja, na akaona kwamba akisema uongo huu mwingine hataweza tena kusimama mbele ya kitu chochote kilichoandikwa.

"Siku ileile," alisema.

Makokha alingoja, kama hakusikia vizuri.

"Siku ileile aliyoileta Obura. Niliisoma mara tatu. Kitabu kilikuwa hakijachapwa, kulikuwa na siku nane, na nilijua ni kweli. Sikuchunguza chochote. Hakukuwa na cha kuchunguza. Nilitaka cheo. Darasani pia niliwadanganya. Nilisema ilinijia baadaye."

Tangi liliendelea kunguruma. Tabasamu la Makokha halikuondoka mara moja, lilibaki kidogo likiwa halina kazi, kisha likatoka. Profesa alingoja atukanwe, na alitaka atukanwe. Matusi angalau yangekuwa na mwisho.

"Milcah alisema hivyo," Makokha alisema hatimaye.

"Alisema nini?"

"Alisema, huyo mwanamke amesoma na ameficha. Alisema mwaka ule wa kwanza, na kila mwaka akasema. Mimi nikamkataza. Nikamwambia nyamaza, usimseme vibaya mtu unayemngojea akusaidie. Siku moja nilimpandishia sauti mbele ya watoto. Tulikosana juu yako, Madam, miaka kumi, mimi na mke wangu, katika nyumba moja. Hata hospitalini, mwaka jana, ameshindwa kuinua kichwa, akaniambia, Baba Bravin, yule hatakuja. Nikamjibu kwa ukali. Nikamwambia una moyo mbaya, ndio maana huponi. Usiku huo huo akafa."

Nje pikipiki ilisimama. Mkulima aliyechelewa aliingia na mtungi, akaamkia, akauweka mezani. Makokha alisimama, akanawa mikono tena, akachukua kipimo chake. Alikitumbukiza, akakosa kukisoma, akakitoa akakitumbukiza tena. Bila kumgeukia Profesa akauliza, kwa sauti ya chini ambayo hata mkulima aliisikia:

"Wewe umekuja kwangu nikakusikiliza. Mimi sasa niende kwa nani?"